Chaguzi Nne Zisizomo Daftarini

Wakati wa likizo alitujia hapa Maskati binti wa ukoo wetu kutoka Unguja, aliyekwisha kufanya mtihani wa kidato cha nne na alikuwa akingojea matokeo. Katika mkoba wake, chini ya visheti na embe bolibo alizotumwa, mlikuwa na daftari lake la somo la Uraia. Hakulisahau humo. Binamu yake anayesoma Uingereza alikuwa naye yu njiani kuja, na wawili hao walikwishaahidiana kwa simu kwamba watalinganisha wanavyosomeshwa mambo ya serikali kule na kule. Bibi yetu, aliyezaliwa kabla ya vita vya 1939, aliwasikia wakibishana ukumbini, akataka asomewe na yeye. "Someni kwa sauti," alisema, "na mimi niijue hiyo serikali ya siku hizi."

Haikuwa kazi nyepesi, kwa sababu daftari lote limeandikwa kwa Kiingereza, kama yalivyo masomo karibu yote ya sekondari kwetu. Binti ilimbidi afasiri mstari kwa mstari. Mihimili mitatu ya dola na kazi za kila mmoja. Alama za taifa: bendera, ngao, wimbo, Mwenge. Haki za binadamu, sifa za raia mwema, familia na ndoa, usalama barabarani, jinsia, umasikini, utandawazi. Bibi alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, kisha akauliza: "Na kura yangu ya sitini na moja imo?"

Haikuwemo.

Tangu siku ile tumelisoma daftari hilo zaidi ya mara moja, pamoja na vitabu viwili vya darasani alivyotuazima, na haya tunayoyaandika ni uhakiki wa tulichokiona humo. Tuseme kwanza lililo la haki. Si daftari baya. Limeandikwa kwa mkono safi, mwalimu amelipitia kwa wino mwekundu karibu kila ukurasa, na binti mwenyewe ana akili ya kutosha. Anajua tofauti ya Bunge na Baraza la Wawakilishi, jambo ambalo watu wazima kadhaa katika ukumbi wetu waliligugumia. Anajua kuwa Zanzibar ina bendera yake iliyoanza kupepea 2005. Ukimwuliza kazi tano za Mahakama anakupa tano, na ukimwuliza faida tano za katiba anakupa tano vilevile.

Na hizo tano tano ndizo zilizotutia shaka. Katika kurasa zile serikali ni mashine iliyoshushwa bandarini ikiwa imekwisha kuungwa. Kila kifaa kina jina lake, maana yake na faida zake, lakini hakuna kinachosemwa juu ya lini kiliwekwa, nani alikitaka, nani alikikataa, na mahali pake palikuwa na nini kabla. Baraza la Wawakilishi linatajwa kama kwamba limekuwepo siku zote. Hakuna mstari unaomwambia mwanafunzi kwamba lilianza 1980, wala kwamba kwa miaka 16 kabla ya hapo, tangu Januari 1964, sheria za Zanzibar zilitolewa na Baraza la Mapinduzi, ambalo wajumbe wake hawakuchaguliwa na mtu kwa kura. Wala hakuna habari ya Baraza la Kutunga Sheria lililoundwa na Waingereza 1926. Baina ya baraza la kuteuliwa na baraza la kuteuliwa, kisiwa kile kilipata miaka michache ya baraza lenye watu waliochaguliwa, na miaka hiyo ndiyo iliyorukwa.

Demokrasia nayo inaingia daftarini mwaka 1992, pamoja na vyama vingi, kama mgeni aliyeteremka kwa ndege. Hata habari ya 1992 yenyewe imekatwa uhondo wake. Tume ya Jaji Francis Nyalali, iliyokusanya maoni mwaka 1991, ilikuta kwamba karibu asilimia 80 ya waliotoa maoni walitaka chama kimoja kiendelee. Na bado Tume ikashauri vyama vingi, na ushauri ukakubaliwa. Tunadhani hakuna swali zuri kuliko hilo kwa mtoto wa miaka 16: je, walifanya sawa? Wengi wana haki gani juu ya wachache? Mwalimu akiliacha darasa libishane kwa saa moja, watoto watajifunza zaidi ya faida tano za demokrasia. Lakini mtihani hauulizi hivyo, na mwalimu husomesha mtihani. Hatumlaumu.

Hapa turuhusiwe kuingia kando kidogo, kwa kuwa jarida hili ni la lugha mbili na somo hili lina majina ya Kiarabu. Msomaji wa Kiarabu hahitaji kuambiwa kwamba raia ni ra'iyya, yaani wanaochungwa, na mwenye kuwachunga ni ra'i. Siasa ni siyasa, na wanalugha huifungamanisha na utunzaji wa farasi. Saisi wa farasi ni wa shina hilohilo. Basi somo lililoitwa Siasa baada ya Azimio la Arusha la 1967, kisha likaitwa Uraia vyama vingi viliporudi, limehama banda la farasi likaingia zizi la kondoo. Kiarabu cha leo kimejitoa katika matatizo haya kwa kusema muwatin, mtu wa watani yake, na Kiswahili nacho kina neno mwananchi, ambalo sisi tunaliona zuri kuliko yote mawili. Lakini juu ya jalada la daftari ni Uraia, na kwa wengi wetu huku ng'ambo neno hilo lina jeraha lake. Likitamkwa hatufikirii mihimili ya dola. Tunafikiria pasi. Tunafikiria nani aliondoka na karatasi gani, na kwamba Sheria ya Uraia ya Tanzania ya 1995 kwa kawaida haimruhusu mtu mzima kushika uraia wa nchi mbili. Mtoto wetu akisikia shangazi yake anasoma fomu za uraia na binamu yake anasoma kitabu cha Uraia, ana haki ya kuuliza kama ni kitu kimoja.

Tena neno hilo lilikuwa la mapambano kabla halijawa la darasani. Wakulima wa Kiembe Samaki, waliopambana na serikali ya Waingereza 1951 katika fujo zinazoitwa Vita vya Ng'ombe, ndio walioasisi chama kilichojiita cha raia wa Sultani, na hicho ndicho kilichokuja kuwa Hizbu, yaani ZNP, mwaka 1955. Nani raia na nani mgeni, nani mwenyeji na nani amekuja juzi: hayo ndiyo yaliyopigiwa kampeni kwenye kila barza mpaka 1963, na mtoto hawezi kuelewa kilichotokea baadaye bila ya kuyajua.

Sasa tuje kwenye kura ya bibi.

Zanzibar ilipiga kura mara nne kabla ya uhuru. Julai 1957 vilikuwepo viti sita tu vya kuchaguliwa, na waliopiga kura walikuwa wanaume peke yao, tena kwa masharti. ZNP haikupata hata kiti kimoja, na Ng'ambo Sheikh Ali Muhsin alishindwa na Mzee Abeid Amani Karume. Januari 1961 viti vikawa 22 na wanawake wakapiga kura kwa mara ya kwanza. Bibi alitoka asubuhi na buibui lake jipya, na mpaka leo anaikumbuka foleni kuliko matokeo. Matokeo yalikuwa haya: ASP 10, ZNP 9, ZPPP 3. Kiti cha Chake Chake ASP ilikipata kwa kura moja. Moja! Kila kitabu cha Uraia duniani kinamwambia mtoto kwamba kura yake ina thamani, na sisi tunao mfano wetu wenyewe, wa mji tunaoujua mitaa yake, na hatuutumii. Wale watatu wa ZPPP wakagawika, wawili kwa ZNP na mmoja kwa ASP, ikawa 11 kwa 11, na serikali haikuweza kuundwa. Ikabidi uchaguzi urudiwe Juni mwaka huohuo kwa viti 23. Safari hii ASP na ZNP zilipata 10 kila moja na ZPPP ikapata 3, na ZNP na ZPPP zikaunda serikali pamoja. Siku hizo za Juni waliuawa watu 68. Wengi wa wasomaji wetu wana jina la mtu katika hesabu hiyo.

Halafu Julai 1963, kura ya kila mtu mzima, viti 31. ASP ilipata zaidi ya asilimia 54 ya kura zote, na viti 13. ZNP ilipata viti 12 na ZPPP 6. Kwa pamoja 18, na serikali ya Sheikh Mohammed Shamte ndiyo iliyopokea uhuru tarehe 10 Desemba. Tarehe 12 Januari ikapinduliwa.

Tulifanya jaribio ukumbini, na tunalieleza kwa kuwa limetufunza kuliko vitabu vyote viwili. Tuliandika hesabu ya 1963 juu ya karatasi bila ya majina: chama A kura asilimia 54 na viti 13, vyama B na C vikishirikiana viti 18. Hatukutaja nchi wala mwaka. Tukawauliza wote waliokuwepo, wadogo kwa wakubwa, nani anastahili kutawala. Kijana wa Uingereza alijibu mara moja kwamba B na C, kwa sheria ya majimbo, na akatutolea mfano wa kwao: uchaguzi wa Uingereza wa 1951, ambapo chama cha Labour kilipata kura nyingi kuliko Conservative na bado Conservative wakatawala. Kumbe huko somo la namna hii ni la lazima katika skuli za sekondari za serikali tangu 2002, na walau yeye alifaidika nalo. Binti wa Unguja alisema A waliibiwa. Ami yetu mmoja, mtu wa haki, alisema kwa sauti kubwa kwamba A ndio wenye watu na mwenye watu ndiye mwenye nchi.

Tukaandika majina.

Ami akanyamaza. Kisha akasema kwamba lakini majimbo yalikuwa yamekatwa kwa sheria, na sheria ni sheria. Binti naye, aliyelelewa na skuli inayouita uhuru wa Desemba uhuru wa bandia, alikuwa ameukazia macho mstari wa viti 18, akauliza: "Kwa hiyo walishinda kwa kanuni zilezile za Waingereza?" Ndiyo, kwa kanuni zilezile. ASP ilirundika kura nyingi mno katika majimbo yake yenyewe, na wenzao wakachukua majimbo mengi zaidi kwa kura chache zaidi. Hakuna haja ya kutafuta wizi ili kueleza hesabu ile, wala hakuna haja ya kujifanya kwamba hesabu ile haikuwachoma zaidi ya nusu ya wapiga kura. Na tuliandike hili waziwazi asije mtu akatunukuu vibaya: hesabu ile haihalalishi tone moja la damu iliyomwagwa Januari.

Basi kasoro tuliyoiona katika daftari la Unguja tuliikuta pia ukumbini kwetu, na hapa uhakiki wetu unatugeukia wenyewe. Skuli ya kule inaanza habari tarehe 12 Januari. Nyumba zetu zinaikomesha tarehe hiyo. Katika majlisi zetu bendera nyekundu yenye duara la kijani na karafuu mbili imewekwa kwenye kioo, watoto wanaambiwa kwamba nchi ilikuwa na katiba, bunge, waziri mkuu na kiti katika Umoja wa Mataifa tangu tarehe 16 Desemba, na yote hayo ni kweli. Hawaambiwi asilimia 54. Hawaambiwi kwamba serikali hiyohiyo, siku chache kabla ya kuanguka, ilikipiga marufuku chama cha Umma cha Abdulrahman Babu. Hawaambiwi kwamba mwezi wa Septemba 1964 ada za skuli zilifutwa Zanzibar, na kwamba wapo waliosoma kwa sababu hiyo ambao wasingesoma. Jarida hili nalo halina usafi wa kujisifia. Limechapa makala nyingi za masikitiko kuliko za hesabu. Ukimsomesha mtoto nusu hii na mwenzake akasomeshwa nusu ile, watakutana likizoni na hawatakuwa na la kuzungumza ila embe.

Lipo jambo jingine daftarini ambalo si la zamani hata kidogo, nalo ni Muungano. Binti ameandika tarehe ya 26 Aprili 1964 na sababu za kuungana, tano. Hakuandika kwamba Mkataba wa Muungano ulitaja mambo 11 na leo orodha ya Katiba ya 1977 ina 22. Tukaifungua orodha hiyo pamoja naye. Ndani yake akalikuta Baraza la Mitihani la Taifa. Alicheka, kisha akaacha kucheka. Elimu ya skuli si jambo la Muungano. Skuli yake ni ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, waziri wake wa elimu ni wa Zanzibar. Lakini mtihani wa kidato cha nne, ule aliokuwa akiungojea, ni wa Muungano. Miaka minne alikaa katika darasa la serikali moja ili atahiniwe na ya pili, na somo lililopaswa kumweleza hivyo halikumweleza. Akauliza swali jingine ambalo hatukulitarajia: akiulizwa kama Zanzibar ni nchi, aandike nini? Katiba ya Muungano inasema Tanzania ni nchi moja. Katiba ya Zanzibar, tangu ilipofanyiwa marekebisho 2010, inasema Zanzibar ni miongoni mwa nchi mbili zilizoungana. Mwaka 2008 Waziri Mkuu Mizengo Pinda alipoliambia Bunge kwamba Zanzibar si nchi, visiwa vilitikisika kwa wiki kadhaa. Hilo ni swali hai, la kujadiliwa na watu wenye akili pande zote mbili, na mwanafunzi wa Uraia angefaa kuwa wa kwanza kulijadili. Yeye amefunzwa kuliogopa.

Kadhalika uchaguzi wa 2015. Daftari lina nusu ukurasa juu ya kazi za Tume ya Uchaguzi. Tarehe 28 Oktoba 2015 mwenyekiti wa Tume ya Zanzibar aliufuta uchaguzi uliokwisha kupigiwa kura, ukarudiwa Machi 2016. Binti alikuwa mtoto wa darasa la kwanza. Anakumbuka kwamba skuli zilifungwa na baba yake hakwenda kazini. Anakijua kisa hicho kwa njia ya nyumbani tu, kwa minong'ono, kama sisi tulivyoijua 1961. Hapo tunaona hasara yenyewe. Kila kizazi cha Zanzibar kinapata uchaguzi wake wa kwanza bila ya kumbukumbu ya chaguzi zilizotangulia, kinashangaa upya, kinaumia upya.

Mtaala mpya wa Tanzania uliotolewa 2023 umeleta somo la Historia ya Tanzania na Maadili. Kuikutanisha historia na mambo ya utawala chini ya paa moja ni wazo jema, na kama litasomeshwa kwa Kiswahili darasani itakuwa bora zaidi, maana mtoto anayejifunza dola yake kwa lugha ya kukariri atazikariri na haki zake. Tuna wasiwasi na hilo neno maadili. Likija kumaanisha kumtii mkubwa, tumerudi zizini. Likimaanisha kusema kweli juu ya hesabu ya kura, hata ile inayotuuma, basi tutaliunga mkono.

Sisi kwa upande wetu hatuna skuli, lakini tuna makabati. Tunawaomba wasomaji wa Maskati, Dubai, London na kwengineko wenye kadi za kuandikishwa kupiga kura za 1957 hadi 1963, karatasi za kampeni, beji za jogoo wa Hizbu na za wapinzani wao pia, picha za foleni, au barua zilizoeleza siku ile, watuletee nakala; majina ya watu binafsi tutayafunika. Tunakusudia kuzipanga ziwe darasa moja la saa mbili, bila ya maelezo yetu, hesabu zikiwa mwanzo na majina ya vyama mwisho, ili mwalimu yeyote, wa Mkunazini au wa Manchester, aweze kulitumia.

Binti amekwisha kurudi Unguja na karatasi ya hesabu ndani ya daftari. Kabla hajaondoka, yeye na binamu yake walimwendea bibi kumwuliza alimpigia nani mwaka ule. Bibi aliwaambia kura ni siri, akaomba aletewe chai.